Barua ya wazi kwa vijana wetu wanaocheza kwenye mstari

Wanangu,

Ninawaandikia ninyi mnaotoka katika nyumba zinazozungumza Kiswahili, wa asili ya Kivu na Katanga, ya Kigoma, ya Mombasa na Nairobi, mliokulia Marekani au mliofika huku kwa ajili ya masomo, na ambao kocha alipowatazama mabega na mapaja aliwaambia papo hapo kwamba nafasi yenu katika futiboli ya Kimarekani ni kwenye mstari wa mbele. Wazazi wenu wengi wanaujua mpira wa miguu tu. Wanakuja uwanjani Ijumaa usiku, wanakaa kwenye baridi, wanashangilia wengine wanaposhangilia, na mchezo ukiisha hawajui kama mtoto wao amecheza vizuri au vibaya, kwa sababu mpira wenyewe hakuugusa. Hilo ndilo lililonisukuma kuandika. Kazi yenu haionekani, na gharama zake pia hazionekani mpaka siku zinapodaiwa. Shauri langu kwenu ni kwamba muifanye kwa moyo wote, lakini mwisho wake mupange ninyi wenyewe, mapema, mkiwa bado na uwezo wa kuchagua.

Nieleze kwanza kazi yenyewe, kwa ajili ya wazazi watakaosomewa barua hii. Watu wa mstari wa mashambulizi ni watano: senta, ambaye huanzisha mchezo kwa kuupitisha mpira nyuma kati ya miguu yake, gadi wawili walio ubavuni mwake, na wawili wa pembeni ambao kwa kawaida ndio warefu kuliko wote. Jezi zao ni za namba 50 hadi 79, na sheria haiwaruhusu kupokea pasi ya mbele isipokuwa mwamuzi ametaarifiwa kabla. Wanamfungulia njia anayekimbia na mpira, na wanamkinga kwotabeki kwa zile sekunde mbili tatu anazohitaji ili atupe pasi. Yule wa pembeni kushoto hulinda upande ambao kwotabeki anayetumia mkono wa kulia hauoni anapojiandaa kutupa. Mmoja wao akimshika mpinzani isivyo halali, timu inarudishwa yadi 10. Akijitikisa kabla ya mpira kuondoka, inarudishwa yadi 5, na mwamuzi anaitangaza namba yake kwa kipaza sauti mbele ya uwanja mzima.

Mimi ninapotazama mchezo huwa natazama jambo moja ambalo wengi hawalioni. Timu ikiwa ugenini, kelele huwa kubwa kiasi kwamba sauti ya kwotabeki haisikiki. Hapo gadi mmoja huinamisha kichwa na kutazama nyuma kati ya miguu yake; akiona ishara, humgusa senta pajani, senta hutikisa kichwa, na watu watano wenye uzito wa zaidi ya kilo 136 kila mmoja huinuka kwa mpigo mmoja bila neno. Kabla ya hapo senta amekwisha kuwasoma mabeki wa upande wa pili na kuwaambia wenzake nani amkabili nani. Anayesema kwamba watu wa mstari ni miili mikubwa tu isiyofikiri hajawahi kuwatazama kwa makini. Ninyi mna ufundi mikononi, na ninataka muuheshimu.

Najua kwamba wengi wenu mnalitaja jina la Jordan Mailata, na mna haki ya kulitaja. Ni Mwaustralia mwenye asili ya Samoa, aliyekuwa akicheza raga ya ligi huko Sydney na hakuwahi kucheza futiboli ya Kimarekani hata mara moja, lakini Philadelphia Eagles, timu ya NFL, yaani ligi kuu ya kulipwa ya mchezo huu, walimchagua mwaka 2018 katika uteuzi wa kila mwaka wa wachezaji wapya, akiwa wa 233, katika raundi ya saba ambayo ndiyo ya mwisho. Kocha wa mstari, Jeff Stoutland, alimfundisha tangu jinsi ya kusimama, na Februari 2025 alikuwa uwanjani, pembeni kushoto, timu yake iliposhinda Super Bowl, fainali ya ligi hiyo. Wanaosimulia habari hii huruka sehemu ya katikati: misimu yake miwili ya kwanza alipita bila kucheza mechi hata moja ya ligi, akijifunza na kuuguza mgongo. Nasi wa Afrika Mashariki tunaye Daniel Adongo, Mkenya aliyetoka kwenye raga na kusajiliwa na Indianapolis Colts mwaka 2013, akawa Mkenya wa kwanza kuingia NFL. Alicheza mechi chache, na kabla ya msimu wa 2015 kwisha timu ilikwisha kumwacha. Namtaja kwa heshima, kwa sababu alifika mahali ambapo hakuna aliyetangulia. Ila ninyi mwangalieni pamoja na Mailata, wala msimtazame mmoja mkamsahau mwingine.

Timu za NFL ni 32, na kila moja husajili wachezaji 53 wa kikosi kikuu, ambao kati yao watu wa mstari wa mashambulizi huwa tisa hivi. Pigeni hesabu wenyewe. Chama cha wachezaji kimekuwa kikitaja kwa miaka mingi wastani wa maisha ya kazi unaozidi miaka mitatu kidogo tu, na haki ya pensheni huanza baada ya misimu mitatu inayohesabika, kwa hiyo wengi huondoka karibu na mlango huo, wengine kabla ya kuufikia. Kima cha chini cha mshahara wa anayeanza kilikuwa dola 840,000 kwa msimu wa 2025. Ni fedha nyingi, na habari zake zitafika Bukavu na Tabora kabla hamjazipokea. Lakini mikataba mingi haijadhaminiwa yote, na anayekatwa Septemba hapokei yaliyoandikwa kwa ajili ya Desemba. Kodi inachukua fungu kubwa, wakala anaruhusiwa hadi asilimia 3, na jamaa watakaopiga simu hawatajua lolote kati ya hayo. Waambieni mapema, kwa adabu, mnachoweza kutoa kwa mwaka, na mshike hapo. Kusaidia nyumbani ni wajibu wetu na siwaambii muuache. Nawaambia mtoe kutoka katika kilichokwisha kuingia mkononi.

Sasa nifike kwenye jambo linaloninyima usingizi, nalo ni mwili.

Korey Stringer alikuwa mtu wa pembeni wa Minnesota Vikings, mwenye umri wa miaka 27, mume na baba. Katika kambi ya mazoezi ya Julai 2001, katika joto kali lenye unyevu, siku moja alishindwa kumaliza mazoezi, na kesho yake akarudi uwanjani. Akaanguka. Joto la mwili wake lilipopimwa hospitalini lilikuwa limepita nyuzi 42, na usiku wa kuamkia Agosti 1 akafariki. Tangu hapo timu zimebadili mengi kuhusu maji, kivuli na jinsi ya kumpoza mgonjwa kwa barafu. Jambo ambalo hakuna kanuni inayoweza kulibadilisha ni kijana aliyelelewa kutolalamika mbele ya wakubwa. Sisi tumewafundisha hivyo, na nyumbani ni malezi mema, lakini uwanjani mwezi wa Agosti, mkiona kichefuchefu, kizunguzungu, au macho yanaingia giza, semeni kwa sauti, mketi, na msimame tu daktari atakaporuhusu. Kocha yeyote anayeudhika kwa hilo hastahili kuwa na mtoto wa mtu mikononi mwake.

Kuhusu kichwa, mtajeni Mike Webster. Alikuwa senta wa Pittsburgh Steelers, mshindi wa Super Bowl mara nne, akacheza misimu 17 kwa jumla. Alipostaafu akili ilimpotea, mali ikaisha, kuna nyakati alilala ndani ya gari lake, na mwaka 2002 akafa akiwa na miaka 50. Aliyeukagua ubongo wake alikuwa daktari Mwafrika, Bennet Omalu wa Nigeria, ambaye hakuwa mpenzi wa mchezo huo wala hakuwa na sababu ya kuogopa alichokiona. Mwaka 2005 alichapisha maelezo ya uharibifu unaotokana na mapigo ya kichwa yanayorudiwa mwaka hadi mwaka. Mwaka 2017 watafiti wa Boston walitangaza kwamba kati ya bongo 111 za waliowahi kucheza NFL walizozichunguza, 110 zilikuwa na ugonjwa huo. Bongo hizo zilitolewa na familia, nyingi zikiwa zimekwisha kuona dalili, kwa hiyo msiseme kwamba kila mchezaji anaugua. Lakini msijidanganye pia. Mpokeaji wa pasi anaweza kucheza mechi nzima akigongwa mara chache. Mtu wa mstari hugongana na mwenzake karibu kila mpira unapoanza, mazoezini na kwenye mechi, na hayo mapigo madogo yasiyoangusha mtu ndiyo yanayojumlika. Vaeni kofia zenye kifuniko laini mazoezini, na msifiche mtikisiko wa ubongo kwa kuogopa kupoteza nafasi.

John Urschel alikuwa gadi wa Baltimore Ravens na mtu wa hesabu. Agosti 2015 aligongwa mazoezini akapoteza fahamu. Baada ya wiki chache mwili ulirudi uwanjani, lakini uwezo wake wa kufikiri hesabu za juu ulichukua muda mrefu zaidi kurudi. Julai 2017, siku mbili baada ya utafiti wa Boston kutoka, aliacha mchezo akiwa na miaka 26. Mwaka 2021 alipata shahada ya uzamivu katika chuo cha MIT, na sasa anafundisha hapo hapo. Laurent Duvernay-Tardif, gadi kutoka Quebec, alimaliza udaktari mwaka 2018 huku akiichezea Kansas City Chiefs, akashinda Super Bowl Februari 2020, kisha msimu uliofuata akaacha kucheza kwa hiari ili ahudumie wazee wakati wa Korona. Joe Thomas wa Cleveland alisimama pembeni kushoto mpira ulipoanzishwa mara 10,363 mfululizo bila kukosa hata mara moja, mpaka msuli wa mkono ulipochanika Oktoba 2017. Alipostaafu alipunguza zaidi ya kilo 20, kwa sababu alijua kwamba uzito ule ulikuwa vazi la kazi na kazi ilikwisha. Watu hawa watatu hawakuwa na tabia moja wala bahati moja. Kinachowaunganisha ni kwamba kila mmoja alikuwa na mahali pa kwenda kabla hajalazimika kwenda, na wa mwisho hakuuacha mwili wa mchezo umsindikize hadi uzeeni. Kwetu shinikizo la damu na kisukari vimekwisha kuwachukua wengi. Anayeacha mazoezi na kuendelea kula kama mchezaji anajitafutia hayo.

Neno kwa mlio kwenye viza ya mwanafunzi: fedha ambazo wachezaji wa vyuo wanaruhusiwa kulipwa kwa jina na sura zao tangu Julai 2021 zinaweza kuvunja masharti ya viza yenu. Msisaini chochote kabla ya mwanasheria wa uhamiaji na ofisi ya wanafunzi wa kigeni chuoni hawajakisoma.

Na kocha wa chuo atakapokuja nyumbani kwenu, muulizeni nani anaamua mchezaji arudi lini baada ya kugongwa kichwa, yeye au daktari. Muulizeni kama ufadhili wa masomo unabaki goti likivunjika mwaka wa kwanza. Muulizeni kati ya watu wa mstari aliowasajili miaka minne au mitano iliyopita, wangapi wamemaliza shahada, na katika fani gani, na kama kuna aliyesoma uhandisi au uuguzi bila kuambiwa kwamba ratiba ya mazoezi haiafikiani na maabara. Nimeona katika nyumba nyingi kijana mwenyewe ndiye anayemtafsiria mama maneno ya kocha, na kijana anayetamani kwenda hutafsiri sehemu tamu kwa sauti kubwa. Siku hiyo mkalimani asiwe wewe. Muiteni mjomba, shangazi, au mtu wa kanisani au msikitini anayejua Kiingereza vizuri na asiyetaka chochote kutoka kwa kocha, aketi kati ya mama na mgeni, na majibu yote ayaandike kwenye karatasi pamoja na tarehe.

Mzee wenu