Salamu za Krismasi kutoka mji wa makaa ya mawe

Ndugu, jamaa na marafiki, Bwana Yesu asifiwe. Wakubwa zangu, shikamooni. Wadogo zangu, hamjambo. Kwa niaba ya familia yangu ndogo nawatakia nyote heri ya Krismasi na fanaka tele za mwaka mpya wa 2026. Tumshukuru Mungu kwa kutufikisha, maana wengi walitamani kuiona siku hii na hawakujaliwa.

Mimi bado niko Longyearbyen, visiwani Svalbard, huku juu kabisa kaskazini mwa Norwei. Jua lilituaga mwishoni mwa Oktoba na haliturudii hadi katikati ya Februari, kwa hiyo msiniulize kama kumekucha. Mwaka umekuwa mgumu, nanyi mnaujua ugumu wake kuliko mimi. Mchele umepanda, nyama imepanda, na nauli za kwenda mikoani Desemba hii nasikia hazishikiki. Zile siku za mwisho wa Oktoba intaneti ilipozimwa huko nyumbani, nilikuwa napiga simu hadi mkono unakufa ganzi. Namshukuru Mungu mmoja mmoja wenu alikuja kupatikana.

Na mwaka huu tumemzika mjomba. Sikuja. Mnajua sababu, na najua wapo ambao bado wana neno moyoni. Nitalijibu nikija, tukiwa tumekaa chini.

Ni yeye aliyenifanya niandike habari hii, kwa kuwa jasho lake lote alilimwaga kwenye makaa ya mawe, na kila nilipompigia alitaka kusikia habari za migodi ya huku. Hapa watoto wanaambiwa Baba Krismasi anaishi kwenye Mgodi namba 2, uliofungwa zamani, pale mlimani juu ya mji. Jumapili ya kwanza ya Majilio watu huandamana na mienge, taa zikawashwa kwenye yale majengo matupu, na watoto wakatumbukiza barua zao kwenye sanduku la posta lililowekwa chini yake. Nyumba ambayo kampuni imeitupa, amepewa mzee wa kugawa zawadi za bure! Mjomba alicheka sana. Hakuwahi kujua kwamba Mgodi namba 7, wa mwisho wa Wanorwei huku, nao ulifungwa Juni mwaka huu. Historia iliyoanza mwaka 1906, Mmarekani John Munro Longyear alipoleta kampuni yake na mji ukachukua jina lake, imeishia hapo.

Lakini mji alioupenda zaidi kuusikia ni Pyramiden, mbele yetu kaskazini, kwenye ghuba ya Billefjorden. Waswidi waliuanzisha mwaka 1910, wakauuza kwa Wasovieti mwaka 1927. Mkataba wa Svalbard wa 1920 uliwapa haki ya kuchimba hata kama ardhi ni ya Norwei. Baadaye ukawa mikononi mwa Arktikugol, kampuni ya serikali ya Kisovieti iliyoundwa mwaka 1931. Mnajua mji wa kampuni ulivyo. Nyumba ya kampuni, hospitali ya kampuni, shule ya kampuni, na king'ora cha kampuni ndicho kinachokuamsha. Pale walivuka hata hapo. Kampuni ilikuwa na noti na sarafu zake yenyewe, na kantini ilipika bila kudai malipo. Kulikuwa na ng'ombe, nguruwe na kuku, mboga zilioteshwa ndani ya nyumba ya vioo, na udongo uliletwa kwa meli ili majani yaote uwanjani. Bwawa la kuogelea lilikuwa na maji ya moto, huku nje ni barafu. Wanaume wasio na wake waliishi jengo walilolibatiza London, wanawake waliishi Paris, na jengo la wenye familia wakaliita Nyumba ya Vichaa kwa kelele za watoto. Miaka ya 1980 walizidi watu 1,000.

Makaa yenyewe hayakuwa na faida ya maana. Serikali ndiyo iliyobeba hasara, kwa sababu ilitaka kuwa na mguu wake huku. Mwaka 1991 Muungano wa Kisovieti ukavunjika, na ruzuku ikaanza kukauka. Kisha tarehe 29 Agosti 1996 ndege iliyokuwa inawaleta wachimbaji na familia zao, wa Pyramiden na wa Barentsburg, mji wao mwingine wa makaa huku, ikagonga mlima Operafjellet ikikaribia kutua hapa Longyearbyen. Walikuwa watu 141, na hakupona hata mmoja. Fikirieni miji midogo kama hiyo, ambako kila mtu anamjua mwenzake, inavyopokea msiba wa namna ile. Tarehe 31 Machi 1998 wakatoa makaa ya mwisho, toroli la mwisho likaachwa pale kama mnara, na kabla mwaka haujaisha wakawa wamehamishwa.

Niliwahi kufika kwa boti kiangazi kimoja, kabla ya vita vya Ukraine. Sanamu ya Lenin bado inatazama ng'ambo kwenye barafu. Ndani ya jumba la utamaduni kuna piano kubwa. Nikabonyeza, baadhi ya sauti zikatoka na nyingine zimekufa. Bwawa ni vigae vikavu. Kwenye vizingiti vya madirisha ya Nyumba ya Vichaa, shakwe wamejenga viota dirisha kwa dirisha, ghorofa hadi ghorofa, mavi yao meupe yameteremka ukutani, na kelele zao hazina tofauti na za watoto waliotangulia. Nilipomsimulia mjomba yote haya, nikidhani atauliza habari za Lenin, alinyamaza kidogo akaniuliza, "Na kiinua mgongo, walilipwa?" Sikuwa na jibu. Akasema, "Basi ulizia." Sijaulizia hadi leo, na wa kumpelekea jibu hayupo.

Kwa hiyo, ndugu zangu, nivumilieni nihubiri kidogo, maana Krismasi bila mahubiri si Krismasi. Wewe uliyepewa nyumba na mwajiri, kumbuka funguo zina mwenyewe. Kampuni inaweza kukulisha, ikakutibu, ikakusomeshea watoto, na siku hesabu zikikataa ikakupa notisi ya mwezi mmoja. Vijana wetu mlioko migodini, iwe dhahabu au makaa, nendeni mkaulize kama michango yenu ya mfuko wa hifadhi inafika. Msingoje kustaafu ndipo muanze kutafuta mafaili. Kiwanja kikipatikana, nunueni na mwandikishe kwa majina ya wote wawili, mume na mke. Wenye watoto, wapelekeni kijijini wakamjue bibi yao wakati bado anawajua kwa majina. Na sisi tulioko ughaibuni tusijidanganye kwamba kutuma hela ni sawa na kufika. Nalisema hili kwanza kwangu mwenyewe. Tupendane, tusameheane, wenye ugomvi wa mashamba wamalize kabla ya mwaka mpya, na tusikutane misibani tu.

Nawashukuru sana mliosimama mahali pangu siku ya maziko. Mama mdogo, nimetuma kidogo cha mchele na mbuzi wa sikukuu. Kimepita kwenye simu ya kaka, msimwache ale makato. Shangazi, pole na miguu. Binamu uliyefunga ndoa Novemba, hongera, zawadi yako inakuja.

Mungu awabariki, awalinde na awape mwaka mpya wenye amani na afya njema. Heri ya Krismasi.

Ni mimi mtoto wenu,
Longyearbyen