Waandishi na waongozaji wa mwanzo wa Televisheni ya Zanzibar (TVZ) wasisubiriwe tanzia

Ndugu Mhariri,

Nimeisoma makala yenu juu ya Rudolph Cartier, mzaliwa wa Vienna aliyekuwa akiandika filamu Ujerumani, akawakimbia Wanazi, na tangu 1952 akaongoza michezo ya kuigiza BBC. Mmeandika vizuri, ila penye uzito mmepita mbio. Mchezo wake wa 1953, The Quatermass Experiment, aliouandika Nigel Kneale (naye kakulia kisiwani kama sisi, Isle of Man), ulikuwa na sehemu sita zilizorushwa moja kwa moja kutoka Alexandra Palace, London. Leo zipo mbili za mwanzo tu. Nne hazikurikodiwa. Watu walicheza, taa zikazimwa, basi.

Nikamkumbuka ami yangu. TVZ ilipoanza 1973, tena kwa rangi, Bara hawakuwa na televisheni, na hawakuipata mpaka 1994. Ami alikuwa akiandika michezo na kuiongoza mwenyewe. Daftari lake ninalo mimi, kona moja imeliwa na mchwa. Upande wa kushoto yapo maneno ya wachezaji. Kulia, kwa penseli, namba ya kamera na kile alichotaka kionekane. Kuna ukurasa mke anapata habari kuwa mumewe kaoa. Kushoto hakuna hata neno moja. Kulia ameandika kamera ya pili ikae kwenye mikono yake, anachagua mchele kwenye ungo, na isipande usoni mpaka vidole visite.

Nilikuwa mtoto wakati ule, nimekaa chini kwa jirani na wenzangu kama ishirini, na vile vidole naviona mpaka leo.

Mchezo wenyewe haupo. Nilipouulizia niliambiwa kanda ilirikodiwa mambo mengine juu yake. Simlaumu mtu. Kanda zilikuwa ghali, za kuagizia nje, na hao BBC nao walifuta zao nyingi tu. Zilizosalimika hapa kwetu zinapigana na joto na unyevu. Tuliokaa gizani bila umeme miezi mitatu kuanzia Disemba 2009 tunajua chumba kisicho na kiyoyozi kinavyofukuta.

Lakini watu wengine wa wakati ule bado wapo, Michenzani, Wete, Chake. Watumeni waandishi wenu wakakae nao barazani, wawaulize nani aliandika nini na nani alisimama nyuma ya kamera. Ami alipofariki, tanzia ilimtaja kuwa mfanyakazi mstaafu, nukta.

Daftari nimekusudia kulipeleka Nyaraka za Taifa, Kilimani. Kabla ya hapo namtafuta anayemjua yule mwanamke wa ungo. Ami aliandika kila kamera na kila taa, lakini jina la mchezaji hakuliandika.

Msomaji wako,
Kikwajuni, Unguja