Barua ya Wazi kwa Msajili wa Ardhi: Miezi 14 ya Kuambiwa Nirudi Wiki Ijayo

Bwana Msajili,

Kwa heshima zote, nakuandikia hadharani kwa sababu barua tatu nilizoleta kwa mkono ziligongwa muhuri wa kupokelewa na hakuna hata moja iliyojibiwa. Jumatatu iliyopita karani wako aliniuliza, mbele ya foleni nzima, kama kweli niliwahi kuwasilisha maombi yoyote. Nikamwonyesha stakabadhi. Nimeikunja na kuikunjua mara nyingi hata tarehe imeanza kufutika penye mkunjo, lakini muhuri wa ofisi yako bado unasomeka.

Mahakama ilithibitisha usimamizi wa mirathi ya marehemu baba, nikaleta cheti hicho pamoja na hatimiliki na fomu zote, nikalipa ada, nawe mwenyewe ukaniahidi kwamba jina la mama litaingizwa ndani ya mwezi mmoja. Leo ni miezi 14. Nimeambiwa faili liko kwa mkubwa wako, kisha liko kwa wapimaji, kisha halionekani. Nadhani lilipotea majalada yalipokuwa yakiingizwa kwenye kompyuta, ila hakuna aliyekubali kuniandikia hivyo. Hadi sasa rejista inasema mwenye shamba ni mtu tuliyemzika, na mama, anayelilima kila msimu, akienda kulalamika kwamba jirani amesogeza mpaka, anaulizwa hati yenye jina lake iko wapi.

Nimeshauriwa niende mahakamani, na njia yenyewe nimeisoma. Ibara ya 47 ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na utawala kwa haraka na kwa haki, na ya kupewa sababu kwa maandishi pale haki yake inapoathiriwa. Sheria iliyotungwa mwaka 2015 kutekeleza ibara hiyo inauhesabu ucheleweshaji usio na sababu kuwa msingi wa kuomba mahakama iingilie kati, na inataka ombi liamuliwe ndani ya siku 90. Inataka pia mlalamikaji amalize kwanza njia zilizopo nje ya mahakama, na ndiyo maana nimetunza nakala za barua zile tatu. Mahakama ya Mazingira na Ardhi inaweza kukuamuru utimize wajibu wako, na afisa anayekaidi amri ya namna hiyo hushtakiwa yeye binafsi kwa kuidharau mahakama.

Lakini sitaki kesi, Bwana Msajili. Sioni kwa nini mama amlipe wakili ili uamriwe kuandika jina ambalo unaweza kuliandika leo asubuhi, kwa kalamu iliyo mezani pako.

Jumatatu ijayo nitakuja naye, mapema kabla foleni haijaanza. Naomba uingize jina lake. Kama huwezi, naomba uniandikie sababu na kuitia sahihi.

Wako kwa heshima,
Msimamizi wa mirathi