Barua ya malalamiko: saa zetu za Chichén Itzá ziliishia dukani

Houston, Texas
24 Februari 2025

Kwa Meneja,
Kampuni ya Safari,
Houston.

Ndugu Meneja,

YAH: MALALAMIKO KUHUSU SAFARI YA SIKU MOJA YA CHICHÉN ITZÁ NA SENOTE, 15 FEBRUARI 2025

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu. Mimi na mama yangu mzazi tulikuwa abiria wenu Jumamosi hiyo, tukitokea hotelini Cancún, Mexico, kwenda Chichén Itzá, magofu ya mji wa kale wa Wamaya. Nililipa dola 149 kwa kila mmoja wetu. Risiti na nakala ya tangazo lenu nimeviambatanisha. Nilipiga simu ofisini kwenu siku ya pili yake nikitaka tuyamalize kwa mazungumzo, lakini jibu nililopewa ndilo lililonikalisha chini kuandika.

Tangazo lenu ni la Kiswahili, na ndiyo sababu niliwachagua ninyi. Mama anakuja Marekani kututembelea mara moja baada ya miaka mingi, na Kiingereza chake si cha kusikiliza historia kwa raha. Mliahidi kwamba tutaondoka saa 12 kamili asubuhi ili tufike geti likifunguliwa, kwamba tutakaa ndani ya magofu kwa muda wa saa tatu nzima na mwongozaji anayeeleza kwa Kiswahili, kisha tule chakula cha mchana na kumalizia kwa saa moja na nusu ya kuogelea kwenye senote, yaani kisima cha asili kwenye mwamba, jaketi okozi zikiwa ndani ya bei.

Basi lilifika saa 1:40. Likazunguka hoteli nyingine nne, na tukatoka Cancún saa 2:40. Hilo ningelisahau, foleni za hotelini tunazijua. Lakini kabla ya mji wa Valladolid dereva akakata kona, akaegesha mbele ya duka kubwa la zawadi, milango ya basi ikafungwa nyuma yetu, na mwakilishi wenu akasema tutakaa hapo "kidogo". Tulikaa dakika 90. Ndani kuna vinyago, pete za fedha, shanga, karatasi za kuandikiwa jina lako kwa alama za Kimaya, na tekila ya kuonja, kinywaji ambacho asili yake ni Jalisco, upande wa pili wa Mexico. Duka hilo halimo kwenye tangazo. Mama alikaa kwenye ngazi ya nje, kofia usoni, maana viti havikuwepo. Kila nilipomfuata mwakilishi wenu aliniambia twende tukatazame mawe ya kuchonga, bei ni nzuri.

Baada ya duka tukapelekwa kula. Tuliingia geti la Chichén Itzá saa 7:45 mchana kwa saa za Yucatán, jimbo ambamo magofu hayo yamo. Tukaambiwa tuwe kwenye basi saa 8:45.

Sasa nije kwenye jibu la simu. Mfanyakazi wenu aliniambia muda ulipungua "kwa sababu Yucatán wana saa yao". Ndugu Meneja, kampuni inayouza safari hii haiwezi kukosea jambo hili. Cancún iko jimbo la Quintana Roo, na tangu mwaka 2015 jimbo hilo lina saa yake. Siku hizi liko mbele ya Yucatán kwa saa moja. Ukivuka mpaka kuelekea Chichén Itzá unarudisha mshale nyuma, unapata saa moja ya ziada, hupotezi. Safari ni kama kilomita 200. Mngetutoa Cancún saa 12 kama mlivyoandika, kwa mwendo wa saa mbili na nusu tungefika saa 1:30 ya kule, nusu saa kabla ya geti kufunguliwa saa 2, kabla jua halijawa kali na kabla mabasi mengine hayajajaa. Saa ya ziada mliyopewa na ramani mliipeleka dukani pamoja na nusu saa nyingine.

Naomba mwelewe saa zile zilikuwa na maana gani kwetu. Mama alifundisha shule ya msingi Kilwa Masoko hadi alipostaafu. Kila mwaka aliwavusha wanafunzi kwa boti hadi Kilwa Kisiwani, akawaonyesha Msikiti Mkuu na lile bwawa la pembe nane la Husuni Kubwa, akiwakataza kukanyaga kuta. Ni mtu aliyeishi jirani na mji wa mawe, na anajua kwamba magofu hayaangaliwi kwa kupita. Miezi miwili kabla ya safari alikuwa akinipigia simu kuniuliza: ngazi za piramidi ya Kukulkán ni ngapi? Nikamjibu ni 91 kila upande, pande nne, na jukwaa la juu linakamilisha 365, siku za mwaka. Tulipofika chini yake hakuomba kupanda, anajua siku hizi hairuhusiwi. Alisimama akahesabu kwa kidole, taratibu, midomo ikitembea. Alifika arobaini na kitu, mwakilishi wenu akapiga filimbi tusogee.

Mwongozaji wa Kiswahili hakuwepo. Tuliyekabidhiwa getini ni kijana wa pale pale, anaongea Kihispania na Kiingereza. Kijana huyo simlaumu kwa lolote, na naomba barua hii isimdhuru. Alijitahidi kuliko wote. Alitupigisha makofi mbele ya ngazi, mwangwi ukarudi kama mlio wa ndege, akasema ni ketzali, ndege ambaye manyoya yake wafalme wa Kimaya waliyathamini. Kisha akamsalimia mwanamke mmoja muuza vitambaa kwa lugha ambayo si Kihispania. Mama akanivuta mkono: hicho ni Kimaya? Nikamuuliza kijana, akasema ndiyo, ndicho wanachoongea nyumbani kwao. Mama alimshika mikono yote miwili. Mpaka siku ile alidhani lugha ile imekufa na wenyewe. Hayo ndiyo tuliyoyalipia, Ndugu Meneja, na yalidumu dakika mbili, kwa sababu kila sentensi ilibidi niitafsiri na muda ulikuwa unatukimbia. Uwanja wa mpira, ambao una urefu wa mita 168, tuliukata kwa mwendo wa haraka kama watu wanaowahi feri. El Caracol, jengo la mviringo ambalo Wamaya walitazamia nyota, hatukulikaribia kabisa.

Na sasa kisima. Jina Chichén Itzá kwa Kimaya maana yake ni mdomo wa kisima cha Waitza, watu wa jamii ya Wamaya. Kisima chenyewe, ambacho leo huitwa Senote Takatifu, kiko kama mita 300 kaskazini ya piramidi, mwisho wa njia ya kale ya Wamaya. Ni shimo la mviringo lenye upana wa karibu mita 60. Watu walitoka mbali kuja kutupa humo dhahabu, jade na ubani kwa ajili ya mungu wa mvua, na mifupa ya binadamu pia iliopolewa humo mwanzoni mwa karne ya 20. Mama aliniambia tangu Houston kwamba hicho ndicho anachokitaka kuliko piramidi. Tulikuwa tumekwenda nusu ya njia, yeye na fimbo yake, mimi na mwavuli, filimbi ikapigwa. Nilimwomba mwakilishi wenu dakika kumi tu. Alinijibu hivi, na watu wawili wa kundi letu walisikia: "Visima vyote ni sawa, mtakiona kingine cha kuogelea."

Si sawa. Tangazo lenu lenyewe linasema "kuogelea kwenye kisima kitakatifu cha Wamaya", wakati Senote Takatifu haiogelewi na mtu. Kile mlichotupeleka ni senote nyingine kabisa, ya kibiashara. Ni nzuri, sikatai, lakini msiiuze kwa jina la nyingine. Mama aligeuka pale njiani bila neno. Ndani ya basi ndipo aliposema, "Mji umeitwa kwa kisima chake, mwanangu, na kisima hatujakiona." Hakusema kingine mpaka Cancún.

Kwenye senote ya kuogelea tulipewa dakika 40. Hapa nazungumzia usalama, na naomba hata mkiyapuuza mengine, hili mlitazame. Jaketi okozi hazikuwemo kwenye bei. Mwakilishi wenu alisema kampuni imelipia kiingilio tu, kila mtu akodi yake, na "anayejua kuogelea aende tu". Senote si ufukwe, hakuna mahali pa kusimama. Ni pango la jiwe la chokaa ambalo dari lake lilidondoka, unashuka ngazi zenye unyevu, na hatua ya kwanza majini ni kina ambacho huoni chini yake. Mtoto wa miaka tisa wa familia iliyokaa nyuma yetu alikuwa tayari ameshavua viatu. Nilikodi jaketi mbili, moja ya mama na moja nikamvalisha yule mtoto, maana baba yake alikuwa bado kwenye foleni ya kulipa. Fedha hiyo siidai. Ninachouliza ni nani angejibu kama nisingekuwa nimesimama pale.

Hatukuambiwa pia kwamba mafuta ya kujikinga na jua hayaruhusiwi majini, kwa hiyo nusu ya kundi ilirudishwa kuoga, na dakika zikaliwa tena. Wenye senote wana haki kabisa. Kaskazini ya rasi ya Yucatán haina mito juu ya ardhi. Mvua inazama kwenye chokaa, inapita chini kwa chini, na maji yale yale ndiyo yanayochimbiwa visima vya watu. Mstari mmoja kwenye ujumbe wenu wa jioni ya kuamkia safari ungetosha.

Mwisho ni zile dola 35 kwa kila kichwa ambazo mwakilishi wenu alizidai tukiwa tayari barabarani, taslimu, bila risiti, akiziita "ushuru wa serikali". Najua getini kuna malipo mawili, ya serikali kuu na ya jimbo. Lakini tangazo lenu limeandika "viingilio vyote vimelipiwa". Abiria wa kilomita ya sitini hana pa kushukia.

Kwa hiyo nadai yafuatayo. Mnirudishie dola 70 za ushuru huo na nusu ya nauli yetu, yaani dola 149, jumla dola 219, kwa kadi ile ile niliyolipia. Mwondoe kwenye tangazo maneno ya kuogelea kwenye kisima kitakatifu na ya mwongozaji wa Kiswahili mpaka mtakapokuwa naye kweli. Kituo cha dukani mkiandike wazi na muda wake, ili anayekitaka akichague. Na jaketi okozi ziwe ndani ya bei, kila abiria avae kabla ya kugusa maji, watoto kwanza.

Nasubiri jibu lenu kwa maandishi hadi tarehe 17 Machi 2025. Lisipofika, nitafungua pingamizi la malipo benki na kupeleka nakala ya barua hii kitengo cha kulinda walaji katika Ofisi ya Mwanasheria Mkuu wa Texas.

Mama anaondoka kurudi Kilwa tarehe 29 Machi. Kama mna safari nyingine kabla ya hapo inayoondoka saa 12 kweli na isiyopitia dukani, niambieni mapema. Nitalipa nauli yangu mwenyewe, ninyi mlipe ya kwake, na tutakwenda moja kwa moja kisimani.

Wenu,

Mteja wenu, kwa niaba yangu na ya mama yangu
(Jina, simu na namba ya tiketi vimo kwenye risiti iliyoambatanishwa)