Mwanangu, sikwambii tena uchague

Mwanangu kipenzi,

Salamu zako mama yako kanipa, marhaba. Nimetoka shifti ya usiku saa hizi na usingizi hauji, mana kuna neno limenikaa kooni tangu ile siku nilipokwambia uchague moja, ama kuigiza ama muziki, mtu hawezi kushika vyote. Hukunijibu. Ulikunja zile waya za mjomba wako moja moja, ukazitia kwenye begi, ukatoka. Yani bora ungenijibu.

Sasa juzi kijana mmoja kazini alikuwa anaangalia Luther kwenye simu, ile tamthilia ya polisi ya Uingereza, akanambia mzee, huyu muigizaji wake Idris Elba ni DJ pia. Nkaanza kumfatilia. Kumbe kazaliwa London, Hackney, 1972, mama yake Mghana, baba yake mtu wa Sierra Leone aliyekuwa anafanya kazi kiwanda cha magari cha Ford pale Dagenham, na Idris mwenyewe kabla hajatoka alipiga shifti za usiku kiwanda hichohicho. Hapo niliweka simu chini kwanza.

Halafu nikakuta 1986, bado mtoto wa shule, alianza kumsaidia anko wake kupiga muziki kwenye maharusi, na ndani ya mwaka yeye na washkaji zake wakawa na kampuni yao wenyewe. Nikakuona wewe na mjomba wako mnapakia spika kwenye kirikuu. Baadae akapata msaada wa pauni 1,500 toka Prince's Trust, mfuko wa kusaidia vijana, akajiunga na National Youth Music Theatre, ambako vijana wanaigiza na kuimba humohumo, hakuna anayewatenganisha.

Alipokwenda Marekani aliteseka. Kuna kipindi alikuwa analala kwenye gari lake, usiku anapiga disko na kusimama mlangoni kwenye klabu ya vichekesho huku anasaka usaili, mpaka 2002 akatokea kwenye tamthilia ya The Wire akiwa Stringer Bell, anaongea Kimarekani mpaka watu hawakujua ni Muingereza. Mi nasema lile ni sikio la DJ, mtu aliyezoea kusikiliza mdundo atashindwaje kusikiliza watu wanavyoongea?

Lakini kilichonishika ni hiki. 2013 kaigiza kama Mandela, sinema kubwa, na mwaka huohuo baba yake akafariki. 2014 akatoa albamu inaitwa Mi Mandela, kwa heshima ya baba yake. Nilisoma hapo mara mbili mwanangu. Sinema anazo, jina analo, ila msiba wa baba aliupeleka kwenye muziki, sasa kama kuna mtu nyumbani alimwambia achague moja, ule msiba angeupeleka wapi?

Na hakuachia hata kimoja. 2016 kachukua usiku mmoja tuzo mbili za SAG, chama cha waigizaji wa Marekani, 2018 kapiga muziki kwenye harusi ya Prince Harry, 2019 yuko Coachella, tamasha kubwa la muziki kule Marekani. Na hata huku si mbali, 2024 Zanzibar walitangaza wamemtengea ardhi ajenge studio ya filamu.

Nilikukosea mwanangu. Niliogopa utakuja kulala njaa, nikaona nikufunge mkono mmoja ndo utakuwa salama.

Ile miksa niliyoifungia kabatini nimeitoa. Kitufe cha sauti cha upande wa kushoto kilikuwa kinakwaruza, fundi kakipuliza vumbi akakipaka spiriti, saivi kinateleza vizuri, na mama yako kaifunga kwenye kanga yake isiingie vumbi tena. Jumamosi nina ofu na mjomba wako ana harusi Mbagala, ntakuja tubebe spika wote. Na lile igizo lenu nitajie tarehe mapema, nibadilishane shifti na mtu, nataka nikae mbele.

Baba yako