Barua ya wazi kwa wanafunzi wa udaktari mnaotaka kwenda mahakamani kudai maksi

Wanangu,

Habari zenu zimenifikia. Mnachangishana fedha za wakili, na wengine wenu mmeshatangaza kwamba Mahakama Kuu itawarudishia maksi zenu. Siwazuii kwenda. Nimefundisha wodini na kukaa kwenye vikao vya mitihani kwa miaka mingi. Najua walimu hukosea, na najua disko, yaani kuondolewa chuoni kwa kufeli, la mwaka wa nne linavyoumiza nyumba iliyouza shamba ili ilipe ada. Ila jaji hatasahihisha karatasi yenu. Mkimwomba hilo, kesi mmeshaipoteza kabla haijatajwa.

Tazameni yaliyomkuta Charlotte Horowitz huko Marekani. Alisoma udaktari katika Chuo Kikuu cha Missouri, Kansas City, na walimu wakalalamikia kazi yake wodini: mahudhurio, namna alivyokaa na wagonjwa, hata usafi wake. Alipokata rufaa, chuo kikawapa madaktari 7 kazi ya kumpima. Wawili wakasema ahitimu kwa wakati, wawili wakasema aondolewe mara moja, watatu wakasema asihitimu mwaka huo ila aendelee chini ya uangalizi. Watahini 7, maoni matatu! Hata hivyo, mwaka 1978 Mahakama ya Juu ilikiachia chuo uamuzi wake wa kumwondoa. Alionywa mapema, wahusika walitafakari kabla ya kuamua, basi. Mambo ya taaluma, walisema majaji, hayahitaji kikao cha kusikilizwa kama yale ya nidhamu.

Tofauti hiyo ishikeni. Ukituhumiwa kuingia na vikaratasi kwenye chumba cha mtihani, hiyo ni nidhamu. Lazima usikilizwe, na Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba yetu ya Tanzania iko nyuma yako. Ukiambiwa hukuweza kumpima mgonjwa tumbo ipasavyo, umeingia uwanja ambao majaji wa nchi nyingi hawapendi kuukanyaga. Mwaka 1985 Scott Ewing, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Michigan, naye alishindwa katika mahakama hiyohiyo. Alipata 235 kwenye mtihani uliotaka 345, wenzake walioanguka kabla yake waliruhusiwa kurudia, yeye akafukuzwa. Majaji wote walikuwa upande wa chuo.

Lakini Wajerumani wana mlango mmoja ambao ningependa muuchungulie. Tarehe 17 Aprili 1991 Mahakama ya Katiba ya nchi hiyo iliamua mashauri ya watahiniwa wa udaktari waliofanya mtihani wa maswali ya kuchagua. Ikasema kwamba jibu linaloafikiana na elimu iliyothibitishwa, ambayo mtahiniwa angeweza kuisoma vitabuni, haliwezi kuhesabiwa kosa eti kwa sababu mtunga swali alifikiria jingine. Mtihani huo ndio lango la kazi, na Katiba yao inalinda haki ya mtu kuchagua kazi. Katika maamuzi ya siku hiyohiyo walitaka pia mtahiniwa apewe nafasi ya kupinga usahihishaji mapema.

Hukumu ya Wajerumani haimfungi jaji wa Dar es Salaam wala wa Mwanza. Inachowafundisha ni namna ya kujenga lalamiko. Tuseme swali liliuliza dawa ya kwanza kwa malaria kali, mwongozo wa kusahihishia ukasema kwinini, nawe uliandika artesunate ya sindano. Hapo una hoja! Shirika la Afya Duniani linapendekeza artesunate hata kwa watoto tangu 2011. Weka ukurasa mezani. Vilevile una hoja kama maksi zilijumlishwa vibaya, kama kituo kimoja cha OSCE, ule mtihani wa vitendo wa kupita kituo hadi kituo, hakikuhesabiwa, kama alama ya kufaulia ilipandishwa baada ya karatasi kusahihishwa, au kama kanuni zilidai mtahini wa nje na hakuwepo. "Mwalimu yule hanipendi" si hoja, hata kama kweli hakupendi.

Anzeni chuoni. Chukueni kanuni za mitihani, msome kifungu cha rufaa na siku zake, kila mmoja aandike barua yake kwa jambo lake. Barua moja ya watu arobaini wenye malalamiko arobaini haijibiki. Mwombeni mkuu wa kitivo majibu ya maandishi, na nakala za barua mzitunze. Seneti ikikataa, ndipo mwende kwa wakili, tena haraka, kwa sababu maombi ya kibali cha mapitio ya mahakama, yaani jaji kuchunguza kama uamuzi ulifuata sheria na utaratibu, yana ukomo wa miezi 6 tangu uamuzi. Na mjue mnachokwenda kuomba: jaji akiwaunga mkono, kwa kawaida hufuta uamuzi na kuurudisha chuoni ufanywe upya. Karatasi itarudi kwa walimu walewale, safari hii wakitakiwa kufuata utaratibu.

Hizo sauti za kumtukana mwalimu kwenye kundi la WhatsApp zikomeshwe leo. Zitawapeleka kwenye kamati ya nidhamu, na huko mtakutwa na kosa la kweli.

Wenye sapu, yaani mitihani ya marudio, waendelee kusoma. Tarehe ya mtihani wa marudio haisogezwi kwa sababu tu kuna shauri, na wakili wenu akiwaahidi vinginevyo, mwambieni awaonyeshe amri ya mahakama.

Mzee wenu,
mwalimu mstaafu