Zimwi la nini?

Mhariri,

Juzi nimemsikia jirani akimtisha mwanawe kwa zimwi ili alale. Zimwi la nini? Sisi Langoni tulilazwa kwa malaika. Kandili ikishapunguzwa utambi, bibi akinisomea Ayatul Kursiyyu, aya ya Kurani ya kujikinga, akinipulizia utosini, kisha akinisogeza ukutani: “Wapishe, wanakulinda mbele na nyuma.” Hayo ya mbele na nyuma yamo katika Sura ya Ar-Raad, aya ya 11. La kuwapisha kitandani alilizua mwenyewe, Mungu amrehemu. Siku niliyotumbukia gatini maji yamejaa, nahodha mmoja alinivuta kwa kanzu. Bibi alimpelekea halua, lakini kwangu akanong’ona, “Yule katumwa.” Mpaka leo nalala upande wa ukuta.

Mkaazi wa Langoni,
Lamu